Supu ya dong gua nyumbani: ya saa tatu, ya nusu saa, au ya ndani ya boga lenyewe?

Mtu akikuambia leo anapika supu ya dong gua, lile boga kubwa la Kichina, bado hajakuambia anapika nini. Akiwa mwenyeji wa Guangzhou, huenda chungu kilibandikwa jikoni tangu mchana na hakitaepuliwa mpaka jua lianze kushuka. Akiwa wa Beijing, pengine hata boga lenyewe hajalimenya, maana kazi yote itamchukua nusu saa tu. Na ikiwa kuna karamu, boga zima litageuzwa bakuli, supu iivie humo humo ndani. Zote tatu ni mapishi ya asili ya Kichina, na anayetaka kujaribu nyumbani kwake hana budi kuchagua. Uchaguzi wenyewe hauishii kwenye ladha. Unagusa gesi iliyobaki kwenye mtungi, nyama mnayokula na msiyokula, na watu watakaokaa mezani.

Niseme mapema ninakoegemea: anayeanza, aanze na ile ya Beijing, ya kofta za kondoo. Aliyewahi kunywa ya Guangdong, jimbo lenye jiji la Guangzhou, iliyopikwa kwa subira atanibishia, na ana haki, kwa sababu ikifika pale inapotakiwa kufika hakuna supu ya boga inayoishinda. Lakini kufika pale kunadai muda na vitu kadhaa visivyopatikana kila duka.

Boga lenyewe kwanza

Dong gua ni ndugu wa maboga na matango. Wataalamu wa mimea huliita Benincasa hispida. Hutambaa shambani, huvunwa kiangazi, na hukua hasa: la kilo 10 na zaidi ni jambo la kawaida. Likikomaa, ngozi yake huwa ngumu na mara nyingi hufunikwa na unga mweupe wa nta unaobaki mkononi ukilishika. Nta hiyo ndiyo inayolilinda. Likiwekwa zima mahali pakavu penye hewa, hukaa miezi bila kuoza, kwa hiyo lililovunwa kwenye joto huliwa hata kwenye baridi. Guangdong wanapenda aina ya ngozi ya kijani kilichokolea hadi karibu nyeusi, yenye unga kidogo sana. La Sanshui, huko Foshan, lina sifa kubwa. Nyama yake imeshikamana, ndiyo maana linastahimili saa nyingi chunguni. Lile la unga mweupe hulainika upesi zaidi na linafaa supu za haraka.

Pa kulipata? Usitafute kwa jina la Kichina peke yake. Wahindi wanalijua vizuri sana: peremende ya petha inayouzwa Agra hutengenezwa kwa boga hili hili, na watu wa Kerala wanalipika na tui la nazi. Kwa hiyo aliyeko Muscat au Dubai aingie duka linalouza mboga za Kerala aulizie kumbalanga. Aliyeko Nairobi aanzie kwa wauza mboga za Kihindi pande za Parklands. Ulaya na Amerika Kaskazini, maduka ya Kichina huliuza limekatwa vipande. Kipande kizuri ni kizito, nyama yake nyeupe na ngumu, na hakina harufu ya uchachu. Ukikiona kimekuwa kama sponji karibu na mbegu, kiache.

Ukilikosa kabisa, mumunye changa linashika nafasi yake bila aibu, ila liangalie jikoni kwani huiva mapema. Hata ile nyama nyeupe iliyo kati ya ganda na wekundu wa tikiti maji inafaa. Wachina wenyewe huipikia supu za kiangazi.

Jambo moja kuhusu boga hili linaamua mengine yote: zaidi ya asilimia 95 yake ni maji, na ladha yake ni hafifu mno. Kazi yake ni kunywa ladha ya vilivyo jirani nalo na kukurudishia ikiwa laini, baridi kidogo mdomoni, karibu kuyeyuka. Basi swali la kujiuliza ni ladha hiyo utaitoa wapi, na uko tayari kuisubiri kwa muda gani.

Ya Guangdong: mifupa, moto mdogo, na subira

Watu wa Guangdong wana jamii nzima ya supu za kuchemshwa kwa saa nyingi, wanazoziita lou fo tong. Ya dong gua ni mojawapo, na ni ya msimu wa joto na unyevunyevu. Wanaamini boga hili linapoza mwili, na punje za yi mi zinazoambatana nalo zinatoa unyevu uliozidi mwilini. Mtu wa mwambao hatashangaa kusikia hivyo. Wazee wetu nao wanagawa vyakula kuwa vya joto na vya baridi, na humwonya mwenye kikohozi asiguse vya baridi. Wapishi wa Guangzhou husawazisha ubaridi huo kwa vipande vya tangawizi na ganda la chenza lililokaushwa miaka, chenpi, ambalo bora kabisa linatoka Xinhui katika jimbo hilo hilo.

Kwa watu wanne utahitaji kilo 1 ya boga, gramu 600 za mbavu au mifupa yenye nyama, gramu 50 za yi mi, kipande kimoja cha chenpi, makunazi makavu ya Kichina manne au matano, tangawizi, na maji lita 2 na nusu. Yi mi ni nafaka nyeupe inayofanana na shayiri, na shayiri inaweza kukaa badala yake. Iloweke saa moja. Chenpi iloweke mpaka ilainike, kisha ukwangue ule weupe wa ndani kwa kisu, kwa kuwa ndio wenye uchungu.

Mifupa ianze kwenye maji baridi. Ikichemka dakika chache utaona povu la kijivu limejaa juu; mwaga maji hayo yote, ioshe mifupa, na uoshe sufuria pia. Hatua hii ndiyo wengi huiruka, halafu hushangaa kwa nini supu yao ina rangi ya maji ya mto baada ya mvua. Baada ya hapo weka kila kitu isipokuwa boga na chumvi, acha ichemke kwa nguvu kama dakika 15, punguza moto mpaka uso wa supu utikisike tu, na ufunike. Boga lioshwe kwa brashi, litolewe mbegu, likatwe vipande vikubwa vya sentimeta 5 hivi, na ngozi iachwe. Ngozi hailiwi. Inakizuia kipande kisisambaratike, na kwa imani ya Waguangdong ndiyo yenye nguvu kubwa ya kupoza.

Boga linaingia lini? Wapo wanaolitia tangu mwanzo. Mimi nalitia dakika 45 za mwisho, baada ya mifupa kupata saa moja na nusu au mbili, kwa sababu napenda kipande kinachoshikika kwa kijiko. Chumvi iwe ya mwisho kabisa, kidogo. Usitie pilipili wala viungo vya pilau. Supu hii ina utamu wa ndani unaokuja polepole, na kiungo chochote chenye sauti kubwa kinaufunika.

Asiyekula nguruwe asidhani analazimika kuridhika na nakala. Guangdong kwenyewe, bata mzee na dong gua na yi mi ni mapishi mashuhuri yanayojitegemea, na wapo wanaoyaona bora kuliko ya mbavu. Bata ana mafuta mengi, kwa hiyo toa ngozi ya mgongo na mkia, na uengue mafuta juu ya supu kabla ya kupakua. Mwenye kuku wa kienyeji aliyekomaa, yule ambaye kwenye mchuzi angekusumbua kwa ugumu, ana kitoweo kilichoumbwa kwa ajili ya supu hii.

Gharama yake kubwa ni moto. Kwa jiko la gesi, saa mbili na nusu hadi tatu si kitu kidogo. Sufuria ya presha inasaidia kwa namna hii: pika nyama, yi mi na chenpi chini ya presha dakika 35 mpaka 40, fungua, ndipo utie boga na kuliacha liive bila presha dakika 20. Ukilifungia humo tangu mwanzo litakuwa uji. Mwenye jiko la mkaa ana bahati, maana mkaa unaozimika taratibu unatoa moto wa aina hasa inayotakiwa.

Kuna watu ambao nisingewapa supu hii kila siku. Vitu vya kwenye nyama vinavyochochea jongo huyeyuka ndani ya maji kadiri unavyochemsha, hivyo mwenye jongo ale vipande vya boga na apunguze kunywa supu yenyewe. Na kwa desturi ya Kichina mjamzito hapewi yi mi. Ukimpikia, iache nje, supu haitaharibika.

Ya Beijing: kofta za kondoo, nusu saa

Kaskazini mambo ni mengine kabisa. Nyumba nyingi hupika supu ya dong gua na kofta, na wengi hutumia nyama ya nguruwe ya kusaga. Lakini Beijing ina Waislamu wa Kihui wa tangu zamani, wenye mtaa wao wa Niujie na msikiti ulioanzishwa mwaka 996, na upishi wa kondoo umeenea mjini mpaka kwa wasio Waislamu. Kofta za kondoo na dong gua ni chakula cha nyumbani huko, si cha mkahawa wa fahari. Kwa msomaji Mwislamu hili ni jambo zuri: hapa hakuna kubadilisha kitu ili kukwepa haramu. Ukikuta maelezo yanataka mvinyo wa mchele wa kuondoa shombo, ujue Wahui wana njia yao nyingine. Huloweka punje za huajiao, ile pilipili ya Sichuan inayofanya ulimi ufe ganzi, ndani ya maji ya moto, na maji hayo yakipoa hukandia nyama.

Chukua gramu 300 za kondoo wa kusaga na gramu 500 za boga. Nyama iwe na mafuta, angalau robo yake. Kondoo mkavu hutoa kofta ngumu, na ukitumia mbuzi, ambaye kwa kawaida hana mafuta mengi, mwambie mchinjaji akuongezee. Loweka kijiko cha chai cha huajiao katika nusu kikombe cha maji ya moto, yachuje yakipoa. Tia kwenye nyama chumvi, tangawizi ya kukwangua, vitunguu majani, ute mweupe wa yai moja, kisha maji yale kidogo kidogo huku unakoroga kuelekea upande mmoja tu. Usibadili upande. Nyama itaanza kunata na kuvuta kama unga uliokandwa. Hapo malizia na kijiko kimoja kikubwa cha kornflawa.

Siri iko kwenye moto. Maji yawe ya moto lakini yasichemke, uone vipovu vidogo chini ya sufuria tu. Kamata nyama kwenye ngumi, ibane itokeze kati ya kidole gumba na cha shahada, ichote kwa kijiko, iteremshe majini taratibu. Yakichemka kwa fujo kabla kofta hazijashika, zitavunjika na supu itachafuka. Zikiisha zote, ongeza moto kidogo, engua povu, na kofta zikielea tia boga lililomenywa na kukatwa vipande vya unene wa nusu sentimeta. Dakika 6 hadi 8 zinatosha: pembe za boga zikianza kupitisha mwanga, limeiva. Chumvi, pilipili manga nyeupe, matone ya mafuta ya ufuta, na giligilani nyingi.

Ukiziweka mbili hizi pamoja, tofauti si ya muda peke yake. Ya Guangdong unainywa kabla ya kula. Ni supu kwanza, na nyama iliyobaki chunguni huliwa pembeni kwa kuchovya kwenye sosi ya soya. Ya Beijing ni mlo. Kofta tano, boga, bakuli la wali au mkate pembeni, mtu ameshiba. Nyumba yenye watoto wadogo itashangaa jinsi bakuli linavyomalizika, kwani hakuna mifupa ya kuchomoa wala ngozi ya kutema. Kwa futari pia naipa hii nafasi ya kwanza: nyepesi, ina chumvi ya kutosha, na mpishi aliyefunga anaweza kukanda nyama mchana na kuipika dakika chache kabla ya adhana.

Inakoshindwa ni siku ya pili. Boga la vipande vyembamba likipashwa tena hulegea na kuachia maji, na supu inakuwa imepooza. Pika ya kumalizwa. Ya Guangdong ikilala kwenye friji huamka vizuri, hasa ukiwa umeyatoa mafuta yaliyoganda juu.

Na asiye na nyama siku hiyo? China wana supu ya dong gua na kamba wadogo wakavu, na hii ndiyo fupi kuliko zote. Kamba wakavu wa mwambao wanafaa kabisa. Waloweke, wakaange kidogo na tangawizi, mimina maji ya moto, tia boga, dakika 10. Chumvi onja kwanza, kwa kuwa kamba wanayo yao.

Ya ndani ya boga: dong gua zhong

Sasa ile ya kupendeza macho. Dong gua zhong ni fahari ya meza za Guangdong wakati wa joto. Boga dogo hukatwa juu, mdomo wake ukachongwa meno meno, mbegu zikatolewa, na kwa karamu kubwa ngozi ikanakshiwa maua au ndege. Ndani humiminwa supu ya kuku iliyokwisha kutayarishwa, pamoja na vipande vidogo vya kuku, kamba, nyama ya kaa, uyoga, mbegu za yungiyungi, na mara nyingi paja la nguruwe la kukaushwa. Kisha boga zima huwekwa kwenye mvuke saa mbili au zaidi. Mezani mtu huchota supu na kukwangua nyama ya boga kutoka ubavuni kwa upawa.

Naipenda, na bado simshauri mtu aipike nyumbani kama hajawahi kupika nyingine mbili. Kwanza, unahitaji chombo cha mvuke chenye nafasi ya kumeza boga la kilo 3 au 4 pamoja na bakuli linaloshikilia kitako chake. Masufuria mengi ya nyumbani hayafikii kina hicho. Pili, boga likipita kiwango cha kuiva ubavu unalegea, na supu inayofoka inaweza kukumwagikia unapoliinua. Ukiamua kulipika, liache ndani ya bakuli lake mpaka mezani, usijaribu kulihamisha likiwa la moto. Tatu, supu ya kuku lazima uwe umeshaipika pembeni, kwa hiyo muda wake halisi ni ule wa Guangdong na zaidi.

Kwa bahati nzuri Waguangdong wenyewe hawapiki boga zima kila wanapotamani ladha hiyo. Wana dong gua li tang: boga linakatwa vipande vidogo vya mraba, linatokoswa kwenye supu ya kuku, na wale wale kamba, kuku na uyoga wanatiwa dakika za mwisho. Ladha karibu yote ya karamu iko humo, ndani ya sufuria ya kawaida, na paja la nguruwe unaliacha bila kuliwazia. Kijiko cha kamba wakavu kinaleta chumvi na kina kile kile kilichokuwa kinatafutwa. Wageni wakija kwangu ningepika hii na kuipakua kwenye vibakuli vizuri.

Kununua na kupanga

Boga hili mara nyingi huuzwa kipande kikubwa kuliko haja ya supu moja, nalo likishakatwa halikai kama likiwa zima. Nunua kilo 1 na nusu. Kata nusu kilo upande mwembamba, imenye, upike kofta usiku ule ule. Kilo iliyobaki iache na ngozi yake, usiioshe, funika sehemu iliyokatwa kwa nailoni, iweke kwenye friji. Itakungoja siku tatu au nne, mpaka siku utakayokuwa nyumbani mchana kutwa, ukiwa na bata au mifupa, na hakuna anayekuharakisha. Ukikuta uso uliokatwa umekauka kidogo au umeanza ute, kata sehemu hiyo kwa unene wa kidole uitupe; ya ndani ikiwa bado nyeupe na ngumu, chungu kibandikwe.